Mishono Niliyoifumua

Kazi yangu ilikuwa kutunga uzi kwenye sindano. Kila siku tukitoka shule nilikaa kwenye kigoda, kibarazani kwa Bibi, nikatunga sindano kumi na mbili na kuzichomeka kwenye kimto kidogo kilichojazwa pamba. Baada ya hapo sikuwa na kazi nyingine zaidi ya kusikiliza.

Bibi hakuwa bibi yetu wa damu. Alikuwa Mgiriki, mjane, aliyezaliwa hapa hapa juu ya Tengeru wakati baba yake akilima kahawa kwenye miteremko ya Meru. Ndugu zake walikwenda Athene na wengine Australia, watoto wake nao wakafuata, yeye akabaki na nyumba, mibuni michache iliyozeeka na mtaro wa maji uliopita nyuma ya jiko. Mama yangu alikuwa mpishi wake. Kiswahili chake kilikuwa kama chetu, kimechanganyika na Kimeru, na ukimsikia anaongea Kigiriki basi ujue amekasirika au ameungua kidole.

Macho yake yalikuwa yanafifia. Aliona mlima, aliona ng'ombe akipita, lakini tundu la sindano halikuonekana tena. Ndiyo maana alinihitaji. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, mdogo wangu wa kike kumi, na wote wawili tulimngoja mama pale mpaka amalize kazi za jioni turudi nyumbani pamoja.

Bibi alidarizi na kusimulia kwa wakati mmoja. Kwake miungu ya Ugiriki walikuwa kama majirani waliohama. Alisema, "Hera alikuwa mwanamke wa kukaa na kinyongo, hata shangazi yangu alikuwa hivyo hivyo," ukadhani Hera aliwahi kuja kuazima chumvi. Alitusimulia habari za Arakne, msichana fundi wa kusuka nguo aliyejisifu kwamba anamshinda hata Athena mwenyewe. Mungu yule wa kike akashuka, wakashindana, na alipotazama kazi ya msichana hakuona kosa hata moja.

"Kwa hiyo Arakne akapewa zawadi?" mdogo wangu aliuliza.

"Athena aliichana ile nguo," Bibi akajibu. "Kisha akampiga msichana kichwani, halafu akamgeuza buibui. Kosa angelisamehe. Alichoshindwa kusamehe ni kwamba kosa halikuwepo."

Mimi nilizishika hadithi zile neno kwa neno. Njiani kurudi nyumbani nilizirudia zote, na kesho yake shuleni nilizisimulia chini ya mti wa mkrisimasi mpaka kengele ilipogongwa. Nilijua nina kipaji. Nilisubiri tu Bibi akione.

Alichokiona ni mikono ya mdogo wangu.

Ilianza kwa bahati tu. Bibi alishindwa kumalizia jani moja, akamwambia mdogo wangu, "Hebu jaribu wewe, mimi silioni tena." Mtoto akachukua sindano. Hakuuliza. Alipomaliza, Bibi alilipapasa lile jani kwa kidole cha shahada, akarudia tena, kisha akamwita mama kutoka jikoni. Mama akaja na unga wa ngano mikononi.

"Huyu mtoto wako nani alimfundisha?"

"Hakuna, Mama. Amekosea?"

"Njoo upapase. Huyu ana mikono." Kisha, kwa sababu mimi nilikuwepo na pengine alitaka kunitia moyo, akaongeza, "Mkubwa ana masikio, mdogo ana mikono. Masikio kila mtu anayo."

Alicheka. Mama alicheka. Mdogo wangu hakucheka, alikuwa bado anatazama jani lake. Nakumbuka nilitunga uzi wa kijani kwenye sindano niliyokuwa nimeshaitunga uzi wa kijani.

Wakati ule Bibi alikuwa na kitambaa kimoja kikubwa cha meza alichokianza yeye mwenyewe miaka kadhaa nyuma, chenye makomamanga, majani ya mzabibu na ndege wawili wawili pembeni. Kilikuwa cha mjukuu wake wa Athene, siku atakapoolewa. Sasa mjukuu alikuwa amechumbiwa, na upande mzima ulikuwa haujaguswa. Akampa mdogo wangu kazi ile. Akampa na mkasi mdogo wenye umbo la ndege korongo, mdomo wake ndio makali, mkasi aliopewa na mama yake mzazi. Mimi niliomba kuushika. Bibi akasema, "Mkasi wa fundi hauchezewi."

Nyumbani mambo yalikuwa mabaya zaidi. Tulikuwa na ng'ombe wawili wa zizini, na kukata majani ya ng'ombe ilikuwa kazi yetu sote wawili. Mama alitangaza kwamba mdogo wangu asishike panga tena mpaka kitambaa kiishe, maana mikono ikipasuka uzi utakwaruza. Kwa hiyo nilibeba mzigo wangu, nikarudi nikabeba na wake. Nikirudi na shingo inauma, namkuta ameketi, mama anampaka mafuta ya mgando viganjani, taratibu, kidole kimoja kimoja. Mimi mwenyewe sikukumbuka lini nilipakwa mafuta na mama.

Wivu nilikuwa nimeusikia tu kanisani, katika orodha ya dhambi, katikati ya uzinzi na ulevi, mambo ya watu wazima. Sikujua unaweza kumwingia mtoto wa darasa la sita ukakaa kama tonge la ugali lililokwama kooni: unameza maji, unameza mate, bado lipo. Nilimwonea wivu hata alipokohoa, maana mama aliuliza kama ana homa.

Siku moja Bibi alitusimulia habari za Penelope. Mumewe alikwenda vitani akapotelea baharini miaka na miaka, wanaume wakajaa nyumbani wakitaka kumwoa. Akawaambia, subirini nimalize kusuka sanda ya baba mkwe wangu. Mchana akasuka mbele yao, gizani akafumua alichosuka, na kazi haikuisha.

"Na hawakugundua?" nikauliza.

"Miaka mitatu," Bibi alisema. "Watu hawatazami kazi ya mwanamke. Wanatazama kama imeisha."

Mdogo wangu alisema anamwonea huruma, kusuka kitu kizuri na kukiharibu mwenyewe. Mimi nilikuwa nimesikia jambo lingine kabisa.

Bibi alikuwa na kawaida ya kujilaza saa tisa na nusu, nusu saa hivi. Mama alikuwa jikoni. Mdogo wangu alitumwa wakati huo kuokota mayai, na kuku wa Bibi walitagia popote, hata chini ya mibuni, kwa hiyo alichelewa. Kitambaa kilibaki kibarazani juu ya kiti, na mkasi wa korongo juu yake.

Siku ya kwanza nilifumua jani moja. Nilikata uzi upande wa nyuma, nikavuta mshono mmoja mmoja, nikaviringisha nyuzi kwenye kiganja na kuzitumbukiza mtaroni. Maji yakazichukua. Nikarudi kwenye kigoda changu, na aliporudi na mayai alinikuta natunga sindano.

Alichukua kitambaa, akakitazama. "Dada, si nilishamaliza majani manne?"

"Matatu," nikasema.

"Manne. Nilihesabu."

"Labda uliota."

Aliniangalia kidogo. Kisha akakaa, akalidarizi tena. Aliniamini. Mimi ndiye dada yake.

Niliendelea wiki sita. Sikufumua kila siku, na sikufumua sana: jani, bawa la ndege, nusu ya komamanga. Nilijifunza kuchagua sehemu ambayo ameifanya siku mbili zilizopita ili awe na mashaka zaidi. Alianza kufanya kazi kwa haraka, na kwa mara ya kwanza mishono yake ikapinda. Akawa anaongea peke yake. Jioni moja njiani aliniuliza kama mtu anaweza kuwa na ugonjwa wa kusahau akiwa mdogo, nikamwambia ndiyo, nimewahi kusikia.

Habari zikaja kwa simu kwamba harusi ya Athene itafanyika mapema kuliko ilivyopangwa. Bibi aliagiza kitambaa kiletwe mapajani mwake, akaanza kukipapasa kutoka pembe hadi pembe. Mama alisimama mlangoni. Vidole vya Bibi vilifika upande wa mdogo wangu, vikaenda polepole, vikasimama, vikarudi.

"Miezi miwili," alisema. "Miezi miwili, na hujafika hata nusu."

"Nilifanya, Bibi. Nilifanya mengi, lakini yanapotea."

"Yanapotea? Yanakwenda wapi?"

"Sijui. Nikija sikuti."

Bibi akasema jambo kwa Kigiriki. Kisha akasema kwa Kiswahili, taratibu, kwamba uvivu anaweza kuuvumilia ila uongo hapana. Mama alivuka kibaraza na kumpiga mdogo wangu kofi. Mama hakuwa mtu wa kupiga. Nadhani alipiga kwa aibu, kwa kuwa alikuwa amejisifu kwa wanawake wa kanisani juu ya mikono ya mwanaye. Mdogo wangu hakulia. Aliweka mkasi juu ya meza, akashuka ngazi, akaenda kukaa barabarani mpaka tulipotoka.

Mimi nilikuwa kwenye kigoda. Nilikuwa na sindano mkononi, na nilichohisi, nasema kweli, ni wepesi. Ilikuwa kama kutua mzigo wa majani.

Hakurudi tena kibarazani. Alianza kukata majani ya ng'ombe, akawa anamngoja mama nyumbani. Kitambaa hakikwenda Athene. Mimi nikabaki na Bibi peke yangu, kama nilivyotaka, na kwa muda nilikuwa na furaha kubwa. Hadithi zote zikawa zangu. Niliendelea kwenda hata nilipoanza sekondari, Jumamosi na siku za likizo. Alikuwa sasa haoni hata mlima, ananiuliza kama kilele kina wingu.

Nilikuwa kidato cha pili aliponisimulia habari za Io. Zeus, mfalme wa miungu, alimtamani msichana yule, na ili mkewe asijue akamgeuza ndama mweupe. Hera hakudanganyika. Alimwomba mumewe ampe yule ndama kama zawadi, akamfunga, kisha akamtumia nzi mkali wa kumng'ata, na ndama akakimbia nchi hadi nchi asipate pa kupumzika. Kwetu ni nchi ya wafugaji, nimeona ng'ombe aliyeingiwa na nzi wa namna ile akivunja ua. Nilikasirika.

"Bibi, kosa ni la Zeus. Mbona Hera hakumwadhibu mumewe?"

"Kwa sababu Zeus alikuwa na radi," alisema. "Wivu una akili, mtoto wangu. Unamtafuta asiye na radi."

Kisha, bila kugeuza uso, akasema, "Wewe ulimfumulia mdogo wako."

Niligeuka nikatazama kilele cha mlima.

"Kitambaa kilichofumuliwa hulegea. Matundu yanabaki. Macho yangu yalikuwa yamekufa lakini vidole havijafa."

"Ulijua siku ile?"

"Nilijua kabla ya siku ile. Wiki ya pili nilikwishajua."

"Na ukamwacha apigwe?"

Bibi alitafuta kikombe chake cha kahawa juu ya meza, akakipata, akakishika bila kunywa. "Ule mshono wa bawa," alisema, "mimi niliuweza nikiwa na miaka ishirini na mitano. Mama yangu alinipiga sana mpaka nikauweza. Mdogo wako alikuwa na kumi, na hakufundishwa. Na mimi nilikuwa napofuka. Kila jioni napapasa kazi yake na hakuna kosa." Akatikisa kichwa. "Ulipoanza kufumua, nilijiambia nitasema kesho. Kesho ikija, nasema kesho."

Nilikuwa na miaka kumi na mitano. Nilidhani mtu mzima akikiri, dhambi yako inapungua nusu. Nilitembea kurudi nyumbani nikiwa nimekasirika kwa niaba ya mdogo wangu, hasira tamu kabisa, kana kwamba mimi sikuwepo. Na sikumwambia. Bibi alifariki masika yaliyofuata, watoto wake wakaja, nyumba ikauzwa.

Miaka ilipita. Mimi nikawa mwalimu wa sekondari mjini, nikapanga na baadaye nikajenga kata ya Sokon I. Mdogo wangu alisoma kilimo cha bustani, akaolewa Kikatiti, na sasa ana kitalu cha miche karibu na barabara ya Moshi. Parachichi, nyanya, pilipili hoho, maua. Ana mikono kweli. Miche inayokufa kwa wengine kwake inachipua. Watu wanaegesha magari kumfuata, na nikifika pale nikasikia mtu akisema, "Mama, hii yako haina mfano," mimi hutazama pembeni. Nilidhani nimekua. Hapana.

Nilimwambia siku ambayo sikupanga. Binti yake alikuwa na kazi ya shule, ya kudarizi ua kwenye leso, akamwomba mama yake msaada. Mdogo wangu akaisukuma ile leso kwangu. "Mpelekee mama mkubwa. Mimi sindano ilinikataa tangu nikiwa mdogo. Nina kichwa kibovu, nafanya kitu halafu nasahau nimefikia wapi."

Alisema kwa utani. Lakini nilikuwa nimekwisha kuona, miaka yote, jinsi anavyorudi kukagua mlango aliokwisha kuufunga, na daftari analoandikia kila kitu: nimemwagilia, nimelipa, nimezima jiko. Wote tulidhani ni tabia. Nilingoja mtoto atoke, nikafunga mlango, nikamwambia. Nilimwambia jani la kwanza, bawa, mtaro. Nilimwambia na maneno ya Bibi.

Alisikiliza hadi mwisho. Kisha akauliza, "Ile siku njiani, nilipokuuliza kuhusu ugonjwa wa kusahau?"

"Nilikudanganya."

"Nilikuwa na miaka kumi," alisema. "Nilijiona nina wazimu. Mpaka jana nilikuwa najiona nina wazimu." Akasimama. "Ondoka kwangu."

"Mdogo wangu..."

"Ondoka kabla mtoto hajarudi."

Mwaka mmoja na miezi kadhaa hakupokea simu yangu. Krismasi alikwenda kwa mama siku ambayo mimi sipo. Mama alijua tumegombana, hakujua kwa nini, na kila Jumapili alinipigia kuniambia, "Wewe ndiye mkubwa, nenda ukaombe msamaha, hata kama kosa si lako." Hapo nilitamani ardhi inimeze.

Mwishowe ujumbe ukaja, mstari mmoja tu: Jumamosi njoo kwa mama, utamwambia mwenyewe, mbele yangu.

Nilikwenda. Mdogo wangu alikuwa ameshafika, amekaa kwenye benchi jikoni, mama anamenya ndizi. Niliamkia, "Shikamoo mama," akaitikia kwa furaha, akidhani amani imeshapatikana. Nikasimama, kwa kuwa sikuweza kukaa, nikasimulia tena. Mama alimenya ndizi mbili za kwanza. Ya tatu ilibaki mkononi mwake na kisu kikiwa katikati.

Nilipomaliza aliweka kisu chini, akatoka nje. Tulimsikia akimwaga maji kwenye hori la ng'ombe. Mdogo wangu hakunitazama. Mama alikaa huko muda mrefu, na aliporudi macho yalikuwa mekundu. Alinipita mimi bila neno. Alikwenda moja kwa moja kwenye benchi, mwanamke wa miaka sabini na magoti mabovu, akashika ukuta, akashuka akapiga magoti mbele ya mwanaye wa mwisho.

"Nilikupiga," alisema. "Ulisema kweli, nikakupiga mbele ya watu."

"Mama, inuka."

"Nisamehe kwanza."

"Nimekusamehe, mama. Inuka, tafadhali, utaumia."

Hakuinuka. Alimkumbatia kiunoni, akaweka kichwa mapajani mwake, na mdogo wangu, ambaye hakulia siku ya kofi, sasa alilia kwa sauti mpaka kuku wakatawanyika mlangoni. Mama alimpapasa mgongo. Alimwita kwa majina ya Kimeru ya utotoni ambayo sikuwahi kuitwa, au niliitwa na nikasahau.

Mimi nilisimama pale pale karibu na mlango. Nilikuwa nimekiri mbele ya niliowakosea, na nilikuwa nimetarajia kuhisi aibu, na aibu ilikuwepo, nyingi. Lakini kabla yake, haraka kuliko yake, nilihisi kile kitu cha zamani kikinipanda kooni nilipokuwa nikitazama mkono wa mama ukienda juu na chini kwenye mgongo ule. Nikachukua kisu. Nikaketi sakafuni, nikaanza kumenya ndizi zilizobaki.